Safari ya Buxton, Iowa: mji wa makaa ya mawe ambako mweusi na mzungu walilipwa sawa

Alhamisi, Des Moines

Habari zenu wadau. Kwa wasiojua, hapa Iowa Waswahili tupo wengi kuliko watu wanavyodhani, Wakongo ndo wengi zaidi, alafu Warundi, alafu sisi Wabongo na Wakenya, na wengi wetu tunaishi kama vile historia ya mtu mweusi kwenye hili jimbo la mahindi imeanza siku sisi tuliposhuka kwenye ndege. Sasa kuna mji ulikuwepo hapa zaidi ya miaka mia iliyopita unaitwa Buxton, mpakani mwa kaunti ya Monroe na Mahaska, mji wa wachimba makaa ya mawe, watu kama 5,000 hivi ulipokuwa umechangamka, na wengi wao kwa miaka mingi walikuwa watu weusi, wanaishi mtaa mmoja na Waswidi, Waslovakia, Waingereza, Wawelshi, watoto wanasoma darasa moja, wanaume wanashuka shimo moja na wanalipwa bei moja kwa tani. Tunaongelea mwaka 1905 hapa, sio 1995. Leo haupo, na wikiendi hii ndo naenda kuutafuta na jamaa yangu mmoja Mkongo wa Bukavu tunayefanya naye kazi, yeye ananiita yaya kwa sababu nimemzidi umri, mi namwita mdogo wangu.

Leo nimetoka kazini nikapita maktaba kusoma kwanza, sipendi kwenda mahali kichwa kitupu. Niwape picha ya wakati ule maana bila hiyo Buxton haieleweki. Virginia, kule walikotoka wengi wa watu weusi wa Buxton, mwaka 1902 waliandika katiba mpya ya jimbo makusudi kabisa kumnyima mtu mweusi kura, wakaweka kodi ya kupiga kura na masharti mengine ya hila. Mahakama Kuu ya Marekani yenyewe mwaka 1896 ilishasema kutenganisha weusi na wazungu ni halali. Watu wananyongwa hadharani kusini. Iowa nayo haikuwa peponi lakini sheria zake zilikuwa tofauti: mwaka 1868 mahakama ya juu ya jimbo ilisema mtoto mweusi hawezi kukataliwa shule ya mtaani kwake, ile kesi ya binti Susan Clark wa Muscatine, mwaka huohuo wanaume weusi wakapata kura, na 1884 ikatungwa sheria ya kuzuia ubaguzi kwenye mahoteli na sehemu kama hizo. Sheria kuwepo na sheria kufuatwa ni vitu viwili, tutafika huko Jumapili.

Ijumaa, njiani hadi Oskaloosa

Tumetoka mchana kwa barabara ya 163, ni lami nzuri tupu, mahindi kushoto soya kulia, umepita Prairie City, umepita Pella kwenye kinu kikubwa cha upepo cha Kiholanzi (tulisimama dakika chache tukanunua mikate tukaondoka), na saa moja na kitu uko Oskaloosa. Katikati ya mji kuna bustani yenye sanamu ya chifu Mahaska, wa wenyeji asilia wa Marekani, ndo kaunti imepewa jina lake. Mdogo wangu akapiga picha.

Lakini kilichotuleta Oskaloosa ni Muchakinock, maana huwezi kuisimulia Buxton bila kuanzia hapo. Muchakinock ilikuwa kambi ya makaa kusini kidogo ya Oskaloosa, kwenye bonde la kijito chenye jina hilohilo. Kampuni inaitwa Consolidation Coal Company, mwenye nayo ni reli ya Chicago and North Western ambayo ilikuwa inataka makaa ya kuendeshea vichwa vyake vya treni. Mwanzoni mwa miaka ya 1880 wachimbaji wazungu wakagoma, kampuni ikamtuma jamaa mmoja anaitwa Meja Thomas Shumate aende Virginia akalete watu weusi wachimbe badala yao.

Hapa nataka niseme wazi kwa sababu nimeona watu mtandaoni wanaisimulia hii habari kama hadithi ya kampuni yenye roho nzuri. Wale watu waliletwa kuvunja mgomo. Ndo mbinu ilivyokuwa Marekani nzima, unachukua mtu mwenye njaa zaidi unampandisha treni unamshusha katikati ya ugomvi asioujua, wenyeji wanamchukia yeye na mwajiri anakaa pembeni anahesabu hela. Wengi walikuwa wakulima, hawajawahi kuingia mgodini. Sehemu nyingi mchezo huo uliishia kwa damu, na watu weusi wakafukuzwa mgomo ulipoisha. Muchakinock mambo yalienda tofauti, watu walibaki, wakaandika barua nyumbani, Shumate akarudi Virginia tena na tena kuleta wengine, wakaja wake, wakaja watoto, wakajenga makanisa.

Na wakaanzisha chama chao cha kusaidiana, kitu ambacho sisi tunakijua vizuri sana. Bachela anatoa senti 50 kwa mwezi, mwenye familia dola moja, hela inalipia daktari ukiumwa na inakuzika ukifa. Mdogo wangu niliposoma hapo akacheka kwa furaha akasema yaya, hii ni likelemba kabisa, mi nikamwambia kwetu tungeita chama cha kufa na kuzikana. Ni Virginia hiyo imehamia Iowa na chama chake mfukoni!

Tuliteremka kuelekea kwenye bonde lenyewe jua likiwa linazama. Hamna mji. Kuna kijito, miti, mashamba. Makaa ya Muchakinock yalikaribia kuisha mwishoni mwa miaka ya 1890, kampuni ikanunua ardhi mpya ng'ambo ya kaunti, na kuanzia mwaka 1900 karibu watu wote wakahamia huko. Meneja aliyekuwa akiongoza wakati huo anaitwa Ben Buxton, kijana tu, alichukua kazi kutoka kwa baba yake John Buxton, na mji mpya ukapewa jina la huyo baba.

Tumelala Oskaloosa, moteli ya kawaida tu.

Jumamosi, Albia na Buxton yenyewe

Asubuhi tumeshuka Albia, ndo makao makuu ya kaunti ya Monroe, mji una skweya nzuri ya majengo ya zamani ya matofali yaliyotunzwa vizuri sana. Tumekunywa chai mahali, mzee mmoja wa kizungu meza ya jirani akasikia tunaongea lugha asiyoijua akauliza tunatoka wapi na tunaenda wapi, tulivyosema Buxton akaweka kikombe chini. Akatuelekeza vizuri mno: rudini kaskazini na barabara ya 5 hadi Lovilia, alafu kateni mashariki kwenye changarawe, ramani ya simu msiiamini sana, na kule ni mashamba ya watu msiruke fensi. Tulimshukuru.

Ukishaacha lami ni rafu rodi, vumbi jeupe, vilima vinapanda na kushuka, nyumba moja moja. Alafu bonde linafunguka. Mdogo wangu akazima redio akauliza, "sasa mji iko wapi?"

Uko hapo hapo. Ni malisho na mahindi na vichaka, na kwa mbali kuta za mawe za ghala la duka la kampuni, hazina paa, miti imeota ndani. Tulisimama barabarani tukaangalia. Nikatoa karatasi zangu za maktaba nikaanza kumsomea huku namwonyesha kwa kidole, na nitawaandikia na nyie hivyohivyo.

Sensa ya jimbo ya 1905 inaonyesha watu weusi kama 2,700 na wazungu karibu 2,000. Nyumba zilikuwa za kampuni, vyumba vitano au sita, ghorofa moja na nusu, kila moja kwenye kiwanja cha kama robo eka, kwahiyo una bustani ya mboga, una kuku, una nguruwe. Linganisheni na kambi nyingine za makaa za wakati ule ambako mchimbaji anapewa kibanda cha vyumba viwili au vitatu vimebanana. Na kwa sehemu kubwa nyumba zilitolewa bila kuangalia rangi, ikipatikana iliyo wazi unaingia, jirani yako anaweza kuwa yeyote. Waswidi walikuwa na vitongoji vyao pembezoni vinaitwa East Swede Town na West Swede Town, na makanisa watu walisali kila mmoja na wake, St. John's ya AME (Wamethodisti weusi), Mt. Zion ya Wabaptisti, Walutheri wa Kiswidi na kanisa lao. Kwahiyo msije mkadhani kila mtu alikuwa anakula na kila mtu. Jengo la YMCA, yaani chama cha vijana wa Kikristo, la ghorofa tatu, lina ukumbi mkubwa na chumba cha kusomea, lilijengwa kwa ajili ya watu weusi, na lilikuwa kati ya YMCA kubwa kabisa za watu weusi nchini kote, katikati ya mashamba ya Iowa! Mi jengo hilo ndo ningependa kuliona kuliko yote.

Duka la kampuni liliitwa Monroe Mercantile, unapata kila kitu kuanzia unga hadi jeneza, na makarani wake walikuwa weusi na wazungu wakihudumia watu wote kwenye kaunta moja. Liliungua 1911 likajengwa tena. Lakini hukulazimishwa kununua hapo tu, watu binafsi walikuwa na maduka yao, bucha, famasi, hoteli, mgahawa, na wengi wa wenye biashara hizo walikuwa watu weusi. Kulikuwa na timu ya besiboli inaitwa Buxton Wonders ambayo watu walikuwa wanatoka miji ya mbali kuja kuiangalia.

Na madaktari. Hii ya daktari nilimsomea mdogo wangu mara mbili. Edward Carter, amezaliwa Virginia, wazazi wakamleta Muchakinock akiwa mdogo, amekulia kwenye hizi kambi za makaa, akasoma hadi 1907 akawa mtu mweusi wa kwanza kumaliza udaktari Chuo Kikuu cha Iowa. Angeweza kwenda popote. Akarudi hapa Buxton, akawa daktari wa kampuni, anatibu weusi na wazungu wote. Fikiria mchimbaji wa Kislovakia kaangukiwa na jiwe mguu umevunjika mwaka 1910, anayeletwa kumtibu ni daktari mweusi, na hakuna anayeshangaa kwa sababu ndo daktari.

Sasa kwanini iliwezekana hapa? Tumebishana sana hapo kando ya gari. Mdogo wangu anasema ni huyo Ben Buxton, alikuwa mtu mwenye msimamo. Ni kweli alikuwa na msimamo, mtu akileta fujo anafukuzwa kazi na anatolewa kwenye nyumba, basi, hamna mjadala. Mji haukuwahi kuwa na serikali yake wala meya, kampuni ndo ilikuwa kila kitu. Lakini mi hiyo peke yake hainitoshi, mamlaka ya namna hiyo bwana mwingine angeitumia kukandamiza, na wengi ndo walivyofanya.

Mi nasema angalieni karatasi ya mshahara. Chama cha wachimbaji, United Mine Workers, tangu kilipoundwa 1890 katiba yake ilisema mwanachama ni mwanachama bila kujali rangi wala dini wala taifa. Wale walioletwa kuvunja mgomo, au watoto wao, wakaja kuwa wanachama, na tawi la Buxton likawa moja ya matawi makubwa na wengi wake ni weusi. Mkataba ukisainiwa bei ya tani ni moja kwa wote. Ukimlipa mweusi nusu, mzungu anamwona adui wa ugali wake, kila siku atamchukia kwa sababu anamshushia bei. Ukiwalipa sawa hiyo sababu imekufa. Chuki nyingine inabaki, sikatai, lakini ile ya tumboni imeondoka na hiyo ndo inayoua watu.

Na kitu cha pili, kazi ilikuwepo mwaka mzima. Migodi mingi ya Iowa ilikuwa inauza makaa ya kupashia nyumba joto, kiangazi kikija inafungwa, watu wanakaa miezi bila kipato. Hii ilikuwa ya reli na treni inakula makaa Julai kama Januari. Asubuhi kampuni inaleta treni yake yenyewe inabeba wachimbaji kuwapeleka kwenye mashimo, maana migodi haikuwa chini ya mji, ilitawanyika maili kadhaa huko na huko, mgodi namba 10, namba 11, namba 12 na kuendelea. Huko chini wanafanya kazi wawiliwawili, sururu, baruti, nyumbu anavuta mikokoteni, unaacha nguzo za makaa kushikilia dari. Baba yangu mdogo alifanya kazi mgodi wa makaa wa Kiwira, Tanzania, miaka ya 90 na alikuwa anasema mgodini unachomuuliza mwenzako ni kama umesikia dari ikilia, mengine mtaongea juu.

Mdogo wangu alikaa kimya akafikiria alafu akasema kwa hiyo ni kampuni pamoja na sindika (chama cha wafanyakazi), vyote viwili. Nikasema ndio, na watu wenyewe walivyojipanga tangu Muchakinock. Tukakubaliana hapo.

Tumepanda hadi makaburini, yako kilimani. Nyasi zimekatwa, kuna mtu anapatunza, Mungu ambariki. Mawe mengine yamelala, mengine maandishi yamefutika, na kuna mashimo tu ya udongo uliobonyea ambayo unajua kabisa kuna mtu hapo na hana jiwe. Tuliomba. Mdogo wangu aliomba kwa Kiswahili cha kwao kwa sauti, mi nikaitikia amina.

Mwisho wa mji ulikuja bila moto wala vita. Ben Buxton aliondoka 1909. Makaa ya karibu yakapungua, vita ya kwanza ya dunia ikaja ikapandisha uhitaji, mwaka 1917 Iowa nzima ilitoa karibu tani milioni 9 ambayo haijawahi kufikiwa tena, na kampuni ikafungua migodi mipya mbali zaidi na kambi mpya inaitwa Haydock, watu wakaanza kuhama. Makaa ya Iowa yana salfa nyingi, ya Illinois ni bora, na hiyo reli ilikuwa na migodi Illinois pia, kwahiyo vita ilipoisha hesabu ikawa rahisi kwao. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 Buxton ilikuwa imebaki tupu, na 1927 mgodi wa mwisho wa Consolidation ukafungwa. Nyumba ziling'olewa. Mji wa watu 5,000, ndani ya miaka kama 20 umejengwa na umeisha.

Jumapili, Des Moines tena

Tumerudi usiku. Leo baada ya ibada nimeenda peke yangu mjini, kwenye kona ya Grand na barabara ya pili, kuna mnara umewekwa 2018, kazi ya msanii Kerry James Marshall, ngoma mbili kubwa za Kiafrika zimebebana moja juu ya nyingine, urefu kama mita 9. Nimepita hapo na gari mara nyingi mno bila kujua ni wa nini. Ni wa wanasheria weusi 12 waliosajili chama chao, National Bar Association, hapa Des Moines tarehe 1 Agosti 1925, kwa sababu chama kikuu cha wanasheria wa Marekani hakikuwataka. Mmojawapo ni mwanamke, Gertrude Rush. Na kiongozi wao George Woodson, ambaye 1905 alikuwa pia kwenye kuanzisha Niagara Movement, vuguvugu la kudai haki za watu weusi lililokuja kuzaa NAACP, chama kikubwa cha kutetea haki hizo, ofisi yake ya uwakili ilikuwa wapi? Muchakinock, alafu Buxton. Alizaliwa Virginia, akawa askari, akasomea sheria Chuo Kikuu cha Howard, akaja kufungua ofisi kambini kwa wachimba makaa, kwa sababu ndo palikuwa na watu weusi wenye hela ya kumlipa wakili na wenye kura.

Na wale wa kawaida waliotoka Buxton walienda wapi? Wengi walikuja hapa Des Moines, wengine Waterloo, Cedar Rapids, Chicago, Detroit. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 watafiti wa Iowa State walienda kuwahoji wazee waliobaki, huku wenzao David Gradwohl na Nancy Osborn wakichimba pale kwenye eneo lenyewe, na 1983 Buxton ikaingizwa kwenye orodha ya taifa ya maeneo ya kihistoria. Wale wazee, wengi wao, walisema kitu kinachofanana: ubaguzi waliujulia walipotoka Buxton. Mtu amekua na miaka kumi na kitu, anakuja mji mkubwa, kwa mara ya kwanza anaambiwa hapa hukai, hapa huajiriwi. Sheria ya 1884 ipo kitabuni. Hata Julai 1948 mama mmoja mweusi, Edna Griffin, alinyimwa huduma kwenye duka la dawa la Katz katikati ya Des Moines kwa sababu ya rangi, ikabidi aende mahakamani, na 1949 mahakama ya juu ya jimbo ikaidhinisha hukumu.

Weusi wa Des Moines walikuwa na mtaa wao wa biashara, Center Street, vilabu vya jazi, saluni, migahawa. Nimeenda kuuangalia leo. Miaka ya 1950 na 60 ulibomolewa, kwa mipango ya kuboresha mji na barabara kuu ya I-235 ikapita. Mi hiyo I-235 naipita kila asubuhi kwenda kazini. Buxton angalau makaa yaliisha. Center Street hakuna kilichoisha, watu walikuwepo, biashara zilikuwepo, na bado ukabomolewa, na hilo limeniuma kuliko kuta zote za mawe za jana.

Kwa atakayetaka kwenda: barabara ya 5 hadi Lovilia, alafu changarawe mashariki, uliza watu, wanajua. Usiende baada ya mvua. Usiingie shambani kwa mtu bila ruhusa, makaburini panafikika. Cedar Rapids kuna makumbusho ya Wamarekani weusi wa Iowa, wana habari za Buxton, na sisi Jumamosi ijayo tunaenda huko na watoto, kama kuna familia ya Ottumwa au Iowa City inataka kuungana nasi iseme mapema tupange magari.